Mitikisiko Tisini na Saba ya Kilimatinde

Mtu wa kwanza kumwuliza Elizabeti Chilewa kama ardhi ingetikisika siku hiyo alikuwa mwanamke muuza maziwa, na jua lilikuwa ndiyo kwanza linachungulia upande wa Bahi. Wa pili alimkuta bombani. Wa tatu alikuwa mzee wa kanisa, ambaye angalau alianza kwa salamu. Wote aliwajibu neno moja, "Sijui," na wote walimtazama kwa jicho la mtu anayedhani ananyimwa kitu.

Alikuwa na miaka hamsini na tisa, magoti yamemchakaa, na hajawahi kumwambia mtu yeyote kwamba anajua. Lakini alikuwa na daftari, na kisanduku uani kwake, na watu wakiona daftari na kisanduku hudhani majibu yamo humo.

Kilimatinde iko ukingoni. Ukielekea Manyoni nchi ni vichaka na mashamba ya uwele, ardhi imelala. Ukigeuka kuelekea mawio, ardhi inakatika. Chini kabisa kuna mbuga ya Bahi, nyeupe wakati wa kiangazi na yenye maji yanayong'aa wakati wa masika, na ng'ombe wanaonekana kama punje za mtama zilizomwagika. Wataalamu wanasema ukingo ule ndio mpasuko wenyewe, upande mmoja wa nchi unaovutana na mwenzake na kushuka kidogo kidogo tangu kabla binadamu hajawa binadamu. Wenyeji hawakuhitaji kuambiwa. Walizaliwa wakiijua mitikisiko kama watu wa kwingine wanavyoujua upepo. Vyombo vilikuwa vikilia kabatini, bibi alikuwa akisema "Tulieni," na vikitulia mazungumzo yaliendelea yalipoishia.

Kilichomfanya Elizabeti kuwa mtu wa kuulizwa ni mvua. Marehemu mumewe, mwalimu Mathayo, alipewa zamani kipima mvua cha kusimika uani, na kwa miaka ishirini na miwili alikisoma kila siku saa tatu kamili asubuhi, mvua iwepo isiwepo, akaandika tarakimu na kuituma Manyoni. Alipofariki, hakuna aliyekuja kukichukua kile kipima. Siku ya tatu baada ya maziko, Elizabeti alijikuta amesimama mbele yake saa tatu asubuhi na kanga ya msiba mabegani, anasoma sifuri. Akaandika sifuri. Hakuna aliyemwomba aendelee, na hakuna aliyemwambia aache. Miaka saba ikapita hivyo.

Siku moja ya kiangazi likaja gari kutoka Dodoma. Alishuka binti mwembamba mwenye kofia pana, akapiga goti kidogo. "Shikamoo, mama. Naitwa Faith. Natoka chuo kikuu, tunapima matetemeko ya ardhi."

"Marahaba, mwanangu. Karibu. Hayo yapo ya kutosha, hayana haja ya kupimwa."

Faith alicheka, akaomba kuona madaftari ya mvua. Alikaa juu ya kigoda akiyafungua moja baada ya jingine, ya mwandiko wa mwalimu kwanza, kisha ya mwandiko wa Elizabeti, akitafuta siku iliyorukwa. Hakuiona. Jioni yake alisema wangependa kuweka mtambo uani pale. Vijana wawili walichimba shimo la kufika kiunoni, wakamimina zege chini, wakaketisha kisanduku cha rangi ya kijivu kisichozidi ukubwa wa debe, wakakifunika. Juu ya nguzo wakaweka sola. Wakazungusha waya kuzuia mbuzi.

"Hicho kitaandika chenyewe," alisema Faith. "Kinasikia hata lori likipita. Lakini hakijui watu wamesikia nini. Hilo naomba uniandikie wewe. Saa, na ulichoona."

Hivyo ndivyo lilivyoanza daftari la pili. Faith alimwachia karatasi yenye maelezo marefu ya namna ya kupanga nguvu ya mtikisiko, ila Elizabeti aliona yanamchosha, akajitengenezea maneno yake manne. "Nimeketi" maana yake aliyeketi amesikia, aliyesimama hakusikia. "Vyombo" maana yake sahani zimelia. "Mlango" maana yake mlango umejigonga wenyewe na mbuzi wamesimama wote kwa pamoja. "Udongo" maana yake udongo umeanguka ukutani. Faith alipoyaona alisema yanatosha kabisa, na kwamba angeyageuza mwenyewe kuwa tarakimu.

Mwaka wa kwanza aliandika hamsini na nane. Mengi yalikuwa "nimeketi". Yaliyofika "udongo" yalikuwa mawili tu.

Faith alikuwa akija kila baada ya miezi mitatu kutoa kumbukumbu za kisanduku, na safari moja, wakimenya karanga, Elizabeti alimwuliza mbona madogo ni mengi namna ile.

"Ndivyo yalivyo kila mahali, mama. Kisanduku chenyewe kimeandika zaidi ya mia sita, mengi hukuyasikia. Ukipata moja la ukubwa wa nne, tegemea kama kumi ya tatu, na kama mia ya mbili. Kadiri yanavyokuwa makubwa ndivyo yanavyopungua."

"Basi ni heri. Watu hapa husema ardhi inajikuna. Ikijikuna kidogo kidogo haitajikuna kwa nguvu."

Faith aliacha kumenya. "Watu wengi husema hivyo. Ningependa iwe kweli. Lakini ukipanda kutoka tatu kwenda nne, nguvu haiongezeki mara moja, inaongezeka kama mara thelathini. Nne kwenda tano, thelathini tena. Ili madogo ya tatu yamalize nguvu ya moja la tano, yangetakiwa kama elfu moja. Hamna elfu moja ya tatu hapa."

"Kwa hiyo la tano linakuja?"

"Limeshawahi kuja na litakuja. Lini, sijui. Hakuna anayejua."

Elizabeti alimenya karanga tatu nne. Moyoni aliona kwamba ni afadhali asingeuliza. Mpaka siku ile, kila vyombo vilipolia alikuwa akipata faraja kwamba kitu fulani kimepungua huko chini. Tangu siku ile faraja hiyo hakuwa nayo, na hakuona busara ya kuwanyang'anya wengine ya kwao.

Mwaka wa pili ulianza vibaya. Mwezi wa Oktoba peke yake aliandika kumi na moja. Novemba, tisa. Watu walianza kulala na viatu karibu, na maswali yakaanza kumfuata njiani. Alipojibu hajui, walisema, "Sasa unaandika nini?" Swali hilo lilimchosha kuliko mengine yote, maana hata yeye alikuwa akijiuliza. Mwanawe Gervas, aliyekuwa akifanya kazi reli ya Manyoni, alimpigia simu kumwambia aache mambo ya watu wa chuo, ahamie mjini apumzike. Alimjibu kwamba atafikiri. Hakufikiri, alikuwa amechoka hata kufikiri.

Desemba, mwenyekiti wa kitongoji, Antipasi, aliitisha mkutano. Antipasi hakuwa mtu mbaya. Alikuwa jirani wa miaka mingi, ndiye aliyebeba upande wa kichwa wa jeneza la Mathayo. Alisimama, akavua kofia.

"Mama Gervas, sikulaumu. Nahesabu tu. Kabla ya kile kisanduku, tulikuwa tunatikisika mara ngapi kwa mwaka?"

"Hakuna aliyekuwa anaandika," alisema Elizabeti.

"Ndipo hapo. Hakuna aliyeandika kwa sababu hayakuwepo ya kuandikwa."

Watu waliguna kukubali. Elizabeti alisimama, akashika mgongo wa benchi. Alitaka kusema kwamba kipima mvua hakileti mvua, na kingekuwa kinaleta, wasingekula uwele wa kununua miaka miwili mfululizo. Alitaka kusema na habari ya elfu moja. Alizitazama zile nyuso, nyuso za watu waliokosa usingizi, akaona hana nguvu ya kuzishinda.

"Mkitaka kitolewe, nitampigia simu binti aje akitoe," alisema. "Hata mimi nimechoka."

Alimpigia kweli. Faith akaomba muda mpaka mwisho wa Januari, barabara zikiruhusu. Elizabeti alikubali, na usiku huo alilala vizuri kuliko siku nyingi. Aliona mwisho wa kazi unakaribia, akaufurahia kama mtu anayetua mzigo wa kuni.

Sasa, Elizabeti alikuwa na dada, Magdalena, mkubwa wake kwa miaka kumi na mitano. Magdalena aliishi peke yake ukingoni kabisa, mwendo wa nusu saa kwa miguu, ndani ya tembe lililojengwa na baba yao. Tembe ni nyumba ya ardhi juu na chini. Kuta ni miti na udongo, juu kuna boriti na fito, na juu ya fito umelazwa udongo mzito wa kina cha mkono mzima. Ni nyumba nzuri wakati wa joto, ni nyumba nzuri wakati wa upepo. Katika kitongoji chote yalikuwa yamebaki manne, moja likiwa la Antipasi mwenyewe, la wazazi wake, alimokuwa akilala mama yake mzee.

Januari ilileta mvua kama ilivyokuwa haijaonekana muda mrefu. Siku ya Jumanne Elizabeti alisoma milimita thelathini na nne. Jumatano ishirini na tisa. Alhamisi, saa tatu asubuhi, alisoma sitini na moja, akarudia kusoma kwa kudhani macho yamemdanganya. Aliandika. Kisha akafungua daftari la pili kuandika mitikisiko ya alfajiri ile, miwili, wa pili wake ukiwa "mlango". Ulikuwa wa tisini na saba tangu aanze.

Madaftari yote mawili yalikuwa wazi mezani, moja kando ya jingine. Hakuna mtu aliyemfundisha kuyasoma kwa pamoja. Aliyatazama tu, kwa uchovu, kalamu mkononi, na akaliona akilini paa la dada yake. Siku tatu udongo ule umekunywa maji. Milimita mia na ishirini na nne zimekaa juu ya zile boriti za baba yao, na chini yake ardhi haitulii.

Hakunywa hata chai. Alivaa mabuti ya marehemu, akachukua fimbo, akashika njia ya ukingoni, magoti yakimlalamikia kila hatua.

Magdalena alikuwa ndani, amejilaza. Alitoka taratibu aliposikia hodi.

"Mbukwa, dada," alimsalimu Elizabeti.

"Mbukwenyi. Nani kafa?"

"Hakuna aliyekufa. Nimekuja kukuchukua. Ukae kwangu mpaka mvua ipite na udongo ukauke."

Magdalena alimtazama kutoka kwenye mabuti mpaka kwenye kitambaa cha kichwa. "Umekuja na matope yote haya kwa ajili hiyo?"

"Paa limelowa, dada. Ni zito. Na alfajiri umesikia mwenyewe."

"Nimesikia. Nimezaliwa nikisikia. Baba alijenga hapa akiwa na nguvu zake, nimezaa humu watoto sita, wanne nikawazika wakitolewa mlango huo huo. Nyumba hii inanijua. Wewe na kile kidude chako ndio mnaozitikisa nyumba za watu."

Walibishana kama ndugu wa tumbo moja wanavyobishana, Kigogo kikichanganyika na Kiswahili, mambo ya leo yakichanganyika na ya miaka arobaini iliyopita. Elizabeti aliombwa aseme kwa nini hakuja wakati wa kupalilia. Aliombwa aseme nani alichukua sufuria kubwa ya mama yao. Mwisho aliacha kubishana. Akaketi juu ya gogo la uani, nje, mbali kidogo na ukuta.

"Nitakaa hapa," alisema. "Ukitoka tutaondoka wote. Usipotoka nitakaa."

"Kaa. Mvua ikirudi utalowa."

"Nitalowa."

Magdalena alisimama mlangoni muda mrefu. Elizabeti aliona uso wa dada yake ukilegea, si kwa kukubali, ila kwa ile aibu ya mwenye nyumba ambaye mgeni wake yuko nje hajala kitu. "Hujanywa hata uji," alisema Magdalena. "Nakuona midomo imekauka. Ngoja nikuletee."

"Dada, usiingie."

"Uji uko jikoni, hauko mbinguni."

Akaingia.

Baadaye Elizabeti aliulizwa na wengi lilianzaje, na alichoweza kusema ni kwamba lilianza na sauti. Ilitoka chini, upande wa Bahi, kama treni ya mizigo ikipita mahali pasipo na reli. Mitikisiko yote tisini na saba haikuwa na sauti ile. Kisha gogo alilokalia likamtupa. Alijikuta ameshika nyasi kwa mikono miwili kama mtu anayening'inia, ilhali amelala juu ya ardhi tambarare. Aliona ukuta wa tembe ukifanya tumbo, ukitoka nje taratibu, akaona ukingo wa paa ukiinama. Likaporomoka kwa kishindo kizito cha udongo mbichi, bila vumbi. Hilo la vumbi kutokuwepo ndilo lililokaa kichwani mwake. Aliona kila kitu vizuri mno.

Alimwita dada yake. Hakujibiwa. Aliita tena, akasikia kitu, si neno, upande wa jikoni.

Jembe lilikuwa limeegemezwa kwenye zizi. Alichimba. Udongo ulikuwa umeshikamana kama unga wa ugali uliokorogwa vibaya, ukibandua huku unarudi huku. Alitupa jembe kwa hofu ya kumkata dada yake, akachimba kwa mikono, kisha kwa kigae cha chungu. Ardhi ilitikisika tena, kidogo, akainamisha kichwa na kuendelea. Hakujua ni muda gani umepita alipoona mikono mingine miwili ikichimba kando ya yake. Ilikuwa ya Antipasi. Alikuwa anahema, suruali imechanika gotini.

Walimkuta Magdalena chini ya boriti kubwa. Boriti ile ilikuwa imeangukia jiwe la kusagia na kusimama hapo, ikaacha nafasi ya kichwa na kifua. Kuanzia kiunoni kwenda chini alikuwa amefukiwa. Macho yalikuwa wazi.

"Mguu," alisema.

"Tulia, dada."

"Msinivute. Chimbeni kwanza."

Wakachimba kwanza. Watu wengine wakaja, mmoja na koleo, wawili na mlango uliong'oka, wakamlaza juu yake. Paja la kushoto lilikuwa limevunjika. Walimbeba kwa zamu mpaka barabarani, likapatikana gari la mchungaji, na jioni alikuwa hospitalini amefungwa mguu. Elizabeti alikaa kando ya kitanda akiwa na udongo umekauka mpaka viwikoni. Muuguzi alimletea beseni la maji. Alinawa, akayatazama maji yakigeuka mekundu, akaona kwamba kucha tatu hazipo.

Kwa rehema ya Mungu hakuna aliyekufa Kilimatinde siku ile. Ilikuwa saa tano mchana, watu wengi walikuwa mashambani. Matembe mawili yalianguka. La Antipasi lilipasuka ukuta mmoja likabaki limesimama, na mama yake alikuwa kaketi nje akipepeta. Nyumba za tofali za kuchoma zilipata nyufa za kupitisha kidole. Huko bondeni, walisema, maji ya mbuga yalichemka kama sufuria.

Faith alipiga simu kesho yake. Alisema limefika tano nukta tatu, na kitovu hakikuwa mbali, chini ya ukingo. Aliuliza hali ya kila mtu, jina kwa jina.

"Mama, samahani kuuliza. Kisanduku kimenipa saa. Lakini wewe uliandika nini?"

"Sikuandika," alisema Elizabeti. "Nilikuwa nachimba."

"Ndiyo, mama," alisema Faith. "Pole sana."

Alipokata simu Elizabeti alikaa barazani mwa wodi na kulia kwa mara ya kwanza. Mwaka mmoja na miezi mitano aliandika sahani zilizolia na milango iliyojigonga, na ilipokuja siku yenyewe, ukurasa ulikuwa mweupe. Tena lilikuwepo lililomuuma zaidi. Kama asingekwenda kubishana, je, dada yake angekuwa wapi saa tano? Magdalena mwenyewe hakumsaidia katika hilo. Siku nyingine alisema, "Usingekuja ningekuwa nimelala chumbani, na chumbani hapakusalia kitu." Siku nyingine, maumivu yakimzidi, alisema, "Usingekuja ningekuwa nimeshakwenda kuangalia karanga zangu." Yote mawili yalikuwa na ukweli ndani yake. Elizabeti alijifunza kuyasikia yote na kusema, "Ndiyo, dada," na kumgeuza mto.

Ardhi haikutulia mara moja. Wiki mbili zilizofuata ilikuwa ikishtuka mara sita kwa siku, kisha mara tatu, kisha moja. Faith aliyefika mwisho wa Januari, kama alivyoahidi, alieleza kwamba ndivyo linavyojimaliza tetemeko kubwa, kwa kupungua, na kwamba hata hilo la kupungua lina mwendo wake unaojulikana. Alikuwa amekuja na vijana wa kukitoa kisanduku. Alisimama uani akingoja aambiwe.

"Kiacheni," alisema Elizabeti.

"Na kijiji?"

"Nenda ukazungumze nao. Mimi nimeshazungumza vya kutosha. Waambie ile habari ya elfu moja. Mimi niliificha."

Faith alikwenda. Elizabeti hakuhudhuria mkutano ule; alikuwa anampikia mgonjwa. Aliyemhadithia ni jirani. Watu waliuliza maswali mengi, wengine kwa hasira, na yule binti aliwajibu bila kuwadanganya. Hawezi kusema siku wala saa. Anachoweza kusema ni kwamba ukingo huu umetikisika kwa nguvu zamani, umetikisika sasa, na utatikisika tena, pengine baada ya miaka mitatu, pengine baada ya arobaini, na kwamba tetemeko lenyewe haliui watu wengi kama zinavyowaua nyumba zao. Alipomaliza, Antipasi alisimama, akavua kofia, akakaa tena. Mpaka leo hajawahi kumwambia Elizabeti kwamba alikosea kuhusu kisanduku, na akipita uani pale huzunguka mbali na ule uzio wa waya.

Lakini Jumamosi iliyofuata Antipasi alipanda juu ya tembe la wazazi wake akiwa na koleo, akaanza kukwangua udongo wa paa.

Magdalena alikuwa ameshatoka hospitali, yuko kwa Elizabeti, akilalamikia kitanda, chumvi, na jogoo. Aliposikia habari hiyo alidai apelekwe akaone. Walimbeba kwenye kiti, mguu umenyooshwa juu ya ubao, wakamweka chini ya kivuli cha ghala. Alitazama kazi kwa muda, midomo imebana.

"Antipasi," aliita. "Unaanzia pabaya."

"Nianzie wapi, mama?"

"Kwenye kichwa cha mama yako. Chumba cha kulala kwanza. Na usirundike udongo upande mmoja, utavunja boriti. Toa huku, toa na huku."

Antipasi alisogea. Vijana wanne wakapanda kumsaidia, na wanawake wakapanga mstari wa karai kupokea udongo chini. Kufikia saa tisa alasiri fito zilikuwa zinaonekana, kavu na nyeusi kwa moshi wa miaka, na mama yake Antipasi alikuwa akizunguka-zunguka chini yake akitazama mbingu ndani ya nyumba yake kwa mshangao wa mtoto. Tembe la nne, la mzee wa upande wa pili, walipanga kulianza Jumatatu.

Elizabeti hakushika koleo. Vidole vyake vilikuwa bado vimefungwa vitambaa, na magoti yalikuwa yamemaliza nguvu tangu asubuhi kwa kumbeba dada yake. Alikaa chini kando ya kile kiti, mgongo ameuegemeza kwenye ghala, akisikiliza koleo zikikwangua.

"Watanijengea wapi?" aliuliza Magdalena baadaye, bila kugeuka.

"Gervas amesema vyumba viwili, nyuma ya kwangu. Vya bati."

"Bati lina kelele wakati wa mvua. Mtu hawezi hata kuongea na mwenzake."

"Ndiyo, dada."

"Na joto."

"Ndiyo."

Magdalena alinyoosha kidole kuelekea ukingoni. "Mlango uangalie huku," alisema. "Nataka niione Bahi."

Elizabeti aliitikia kwa kichwa. Alikuwa ameshafumba macho, na dada yake, baada ya kumtazama mara moja, aliwaambia wanawake wa karai wapunguze sauti.